Vitabu vya Sanamu za Chuma za Marekani, na Ng'ombe wa Chuma wa Karagwe

Katika kazi ya ualimu hutokea mara kwa mara kwamba kitabu kilichoandikwa mbali sana chatukumbusha habari za kwetu kwa kuwa kimeziacha. Twasoma kurasa mia tatu, tena twazisoma kwa faida, halafu twaona ya kuwa mahali fulani palitakiwa neno moja, nalo halipo. Ndivyo ilivyo kwa vitabu vya sanamu za kisasa za Marekani, hasa vile vinenavyo sanamu za chuma. Twataka kuvipima vitabu hivi kwa haki: kwanza tutaje wema wake, kisha upungufu wake, kisha yatupasayo sisi tukaao katika wilaya za Karagwe na Kyerwa.

Katika vitabu vya namna hiyo twachagua vitatu. Viwili ni vya Bibi Rosalind Krauss, yaani «Terminal Iron Works» cha mwaka 1971, na «Passages in Modern Sculpture» cha mwaka 1977. Cha tatu ni cha Bwana Wayne Andersen, «American Sculpture in Process», kilichotoka mwaka 1975. Mtu akivisoma, apata hadithi iliyo wazi. Kwa karne nyingi mafundi wa Ulaya walichonga jiwe na mti, au waliumba udongo na kuumwagia shaba nyeusi mahali pake. Kisha, tangu mwaka 1928, Pablo Picasso na mwenzake Julio González, fundi wa vyuma, walianza huko Paris kuunga vipande vya chuma kwa moto na kuviita sanamu. Picha za kazi hizo zilifika Marekani katika gazeti, akaziona kijana mmoja, David Smith, aliyezaliwa Indiana mwaka 1906.

Smith alikuwa amekwisha kushika chuma kwa mikono yake, maana mwaka 1925 alifanya kazi katika kiwanda cha magari cha Studebaker. Mwaka 1933 alianza kufanya sanamu zake za chuma cha kuungwa. Alifanyia kazi katika karakana iliyoitwa Terminal Iron Works, huko Brooklyn, karibu na bandari, na baadaye akahamia Bolton Landing mlimani, akasimamisha sanamu zake katika majani ya shamba lake. Mfululizo wake mmoja alioupa jina la Agricola, maana yake mkulima, aliufanya kwa vipande vya zana za shamba zilizochakaa. Mwaka 1962, huko Voltri katika Italia, alifanya sanamu 27 kwa muda wa siku 30. Akafa mwaka 1965 kwa ajali ya gari.

Wema wa vitabu hivi ni mkubwa. Bibi Krauss hamsifu fundi kwa maneno matupu. Humfundisha msomaji kutazama. Atuonyesha ya kuwa sanamu ya Smith yataka kuzungukwa, kwa sababu mtu asimamaye mbele yake hawezi kukisia ubavu wake ulivyo. Hilo ni fundisho jema kwa mwalimu ye yote, maana watoto wetu wakionyeshwa kitu hutaja jina lake upesi, wakaacha kukitazama. Tena vitabu hivi vyaiheshimu kazi ya mikono. Smith aliita sanamu yake moja ya mwaka 1949 na 1950 kwa jina la Blackburn, mhunzi Mwairishi, mmoja wa wenye karakana ile ya Brooklyn. Msanii mwenye elimu hakuona haya kukiri ya kuwa mwalimu wake ni mfua chuma. Jambo hilo twalipenda.

Sasa twaja kwenye upungufu. Smith mwenyewe alifundisha ya kuwa chuma ni kitu kigeni katika sanaa, kwamba historia yake humo ni ndogo, na kwamba mtu akikitazama hukumbuka tu mambo ya karne ya ishirini, kama vile mitambo na vita. Kwa fundi maneno haya yasameheka, kwa kuwa fundi husema yale yamsaidiayo kufanya kazi. Bali mwandishi wa historia hana ruhusa hiyo. Yeye imempasa kuuliza: ni historia ya nani iliyo ndogo? Vitabu vyetu vitatu havikuuliza. Vilianza safari Paris, vikavuka bahari hadi New York, na njia yote hiyo vilihesabu chuma kuwa kimezaliwa juzi.

Ye yote aliyesoma Biblia ajua ya kuwa wahunzi ni wa kale kuliko hapo, maana Tubal-kaini atajwa katika sura za kwanza za Mwanzo. Lakini tusiende mbali. Twende Bweranyange, makao ya Wahinda, wafalme wa Karagwe. Mapokeo ya nchi yetu yasema ya kuwa Omukama Ndagara, aliyetawala katika nusu ya kwanza ya karne ya 19, alikuwa mhunzi hodari, na kwamba ng'ombe wa chuma waliowekwa katika nyumba ya mfalme walikuwa kazi ya nyundo yake. Ng'ombe hao wana pembe ndefu sana, kama walivyo ng'ombe wa nchi hii. Pamoja nao kulikuwa na nyundo, mikuki na vyuma vingine vya enzi. Wageni waliviona. John Hanning Speke alifika kwa Rumanika, mwana wa Ndagara, mwezi wa Novemba 1861. Henry Morton Stanley alifika mwaka 1876, akaandika habari za nyumba ya hazina, akitaja bata wa shaba wenye mabawa ya shaba nyekundu, na ng'ombe wa shaba wasio na vichwa. Hayo yalikuwa miaka zaidi ya hamsini kabla ya González kumfundisha Picasso kuunga chuma.

Hapa pana jambo la kupimwa kwa uangalifu. Speke, katika kitabu chake cha mwaka 1863, aliandika ya kuwa ng'ombe wale wadogo wa chuma walifanywa na Waarabu wa Kafuro ili kumfurahisha mfalme. Je, tumwamini? Twaona sababu tatu za kusita. Kwanza, Waarabu wa Kafuro walikuwa wafanya biashara ya pembe za ndovu na nguo; hatusikii kwamba walikuja na mafundi wa kuzoea kufua wanyama. Pili, nchi yenyewe ilikuwa nchi ya chuma. Jirani zetu Wahaya, ambao lugha yao na Kinyambo ni ndugu, walikuwa mabingwa wa kuyeyusha chuma. Mwaka 1978 Bwana Peter Schmidt na Bwana Donald Avery waliandika katika gazeti la Science jinsi wazee wa Buhaya walivyowajengea tanuu ya asili, ambayo hewa ya mivukuto hupata moto ndani ya mabomba kabla ya kufika kwenye makaa, na jinsi wahunzi wa zamani sana wa nchi hiyo walivyoijua kazi hiyo. Tatu, katika nchi zote za maziwa makuu nyundo ilikuwa alama ya ufalme. Kaburi la mfalme Cyirima Rujugira wa Rwanda lilipofunuliwa mwaka 1969, nyundo za chuma zilikutwa pamoja naye. Mahali ambapo mfalme huzikwa na nyundo, si ajabu mfalme asifiwe kuwa mhunzi.

Hata hivyo tusizidishe. Shaba haikuchimbwa Karagwe. Ilikuja kwa biashara, na huenda baadhi ya vitu vya shaba vilikuja pamoja na mafundi wake. Wala sifa ya mfalme si ushahidi wa kila kipigo cha nyundo, kwa maana wafalme wa dunia yote husifiwa kwa kazi za watu wao. Huenda kwamba wahunzi wasiotajwa ndio walioketi kwenye fuawe, na jina la Ndagara likawa mwavuli wao. Lakini neno la mgeni mmoja, aliyesema na wenyeji kwa wakalimani, halitoshi kuwanyang'anya Wanyambo kazi iliyotoka katika chuma chao, ikiwa na umbo la mifugo yao.

Wala hatusemi ya kuwa Smith aliiga Karagwe; hakuna dalili kwamba alipata kusikia jina lake. Wala kazi zao si za namna moja. Smith alichukua vipande vingi vilivyokwisha fanyizwa, akaviunga kwa moto wa gesi. Mhunzi wetu alichukua donge la chuma, akalivuta kwa nyundo likiwa jekundu, hata pembe zikatoka katika mwili ule ule bila kuungwa. Sanamu za Smith zilisimama shambani zitazamwe na kila apitaye. Ng'ombe wa Karagwe walikaa ndani, katika nyumba ya mfalme, na nguvu yao ilikuwa katika kutoonwa ovyo. Mtu akiandika historia ya chuma katika sanaa, tofauti hizi zingemfundisha mengi: kwamba chuma chaweza kusema habari za kiwanda, na pia chaweza kusema habari za malisho na enzi. Vitabu vile vimesikia sauti moja tu.

Twapaswa kutaja ya kuwa katika Marekani yenyewe wako waliosikia sauti ya pili. Mwaka 1925 Alain Locke aliwahimiza wasanii weusi wa huko watazame sanaa za babu zao wa Afrika. Mwaka 1935 makumbusho ya sanaa za kisasa ya New York yalionyesha sanamu nyingi za Afrika, ila zilikuwa hasa za Afrika ya Magharibi na Kongo, na nchi zetu za mashariki zikabaki nje ya mlango. Kisha walitokea wafua chuma wa damu ya Afrika. Richard Hunt wa Chicago, aliyezaliwa mwaka 1935 na kufa mwaka 2023, alijifunza mwenyewe kuunga chuma, na mwaka 1971 akawa mchonga sanamu mweusi wa kwanza kufanyiwa maonyesho ya kazi zake zote katika makumbusho yale ya New York. Melvin Edwards, aliyezaliwa Texas mwaka 1937, alianza mwaka 1963 mfululizo wa sanamu za minyororo, nyundo na makufuli, akiwakumbuka watu weusi waliouawa na makundi ya watu bila hukumu. Tangu mwaka 1970 alisafiri mara nyingi katika Afrika, na baadaye akawa na karakana huko Dakar. Mtu asiseme mbele ya kazi za Edwards kwamba chuma hakina kumbukumbu ya zamani.

Vitabu navyo vimeanza kurekebika. Mwaka 1994 kilichapishwa Ujerumani kitabu kikubwa cha sanamu za Tanzania, ambacho jina lake limeandikwa kwa Kijerumani na kwa Kiswahili pia: «Sanaa za Mabingwa wa Kiafrika». Mwaka 2018 yalifunguliwa Los Angeles maonyesho ya kazi za wahunzi wa Afrika, yaitwayo «Striking Iron», na kitabu chake kikafuata. Mmoja wa walioyatengeneza, Tom Joyce, ni mhunzi na mfanya sanamu wa Marekani. Hapo mwisho fundi wa chuma alikubali kuketi miguuni pa mafundi wa chuma. Twatamani Bibi Krauss na Bwana Andersen wangalikuwa na kitabu hicho mezani walipokuwa wakiandika.

Basi yatupasa nini? Wahenga walisema, mwacha asili ni mtumwa. Lakini asili isiyoandikwa huachwa hata na aipendaye. Sehemu ya vyuma vya Karagwe imo katika makumbusho ya Ujerumani. Profesa Israel Katoke alituandikia historia ya ufalme wa Karagwe mwaka 1975, lakini kwa Kiingereza. Mtoto wa shule ya msingi ya Nkwenda au Nyakahanga hawezi kukisoma.

Twashauri mambo matatu yawezekanayo bila fedha nyingi. La kwanza, walimu wa Karagwe na Kyerwa wakusanye kutoka kwa wazee majina ya Kinyambo ya kazi ya uhunzi, yaani ya mivukuto, koleo, nyundo, fuawe na taka za chuma, kabla hayajazikwa pamoja na wenyewe. La pili, katika somo la sanaa watoto waonyeshwe picha ya sanamu ya Smith na picha ya ng'ombe wa Bweranyange pamoja, waulizwe ni ipi iliyoungwa na ni ipi iliyovutwa, na wajuaje. La tatu, mhunzi wa kijijini, ambaye leo hufua mapanga na visu kwa springi za magari yaliyokufa, aalikwe darasani kama mwalimu. Smith alimheshimu Blackburn wake. Nasi tuna wa kwetu.

Vitabu vya Marekani twaendelea kuvisoma, na twamshauri kila mwalimu avisome avipatapo. Ila afikapo ukurasa usemao ya kuwa chuma hakina historia katika sanaa, na aandike pembeni kwa kalamu ya risasi: Bweranyange, karne ya 19. Neno hilo moja ndilo lililokosekana.