Jina la Kuazima: Taylor Swift Alivyoingia Redioni na "Tim McGraw"

Tarehe 19 Juni 2006, Big Machine Records, kampuni ya Nashville iliyokuwa na umri wa mwaka mmoja hivi, ilitoa singo ya kwanza ya msichana wa miaka 16. Wimbo ulikuwa na jina la mwanamume: "Tim McGraw". Mtangazaji aliyetaka kuutambulisha hakuwa na ujanja, ilimbidi atamke majina mawili mfululizo. La kwanza, Taylor Swift, lilikuwa geni kwa karibu kila msikilizaji. La pili lilikuwa la nyota ambaye wapenzi wa kantri walikuwa wakimcheza majumbani na kwenye magari tangu 1994.

Wengi wameuita ujanja wa kibiashara, na ni kweli. Lakini ujanja wa biashara peke yake hausukumi wimbo miezi saba kwenye chati. Jina lile limefungwa ndani ya wimbo kwa namna ambayo ukiling'oa wimbo wote unabomoka, na hapo ndipo penye ufundi.

Tuanze na kisa. Swift alikuwa mwanafunzi wa sekondari mjini Hendersonville, kando ya Nashville, akiwa na mpenzi aliyekuwa mbele yake kimasomo. Mwaka wa shule ukiisha, kijana angekwenda chuo na wao wangeachana. Hilo alilijua mapema. Anasimulia kwamba wazo lilimjia darasani, kwenye kipindi cha hisabati. Baada ya masomo akalipeleka kwa Liz Rose, mtunzi mzoefu aliyekuwa akikutana naye kuandika, wakaumalizia wimbo pamoja. Rose mwenyewe amekuwa akisema kazi yake na Swift ilikuwa zaidi kama ya mhariri: binti anamwaga, yeye anapunguza. Katika albamu iliyofuata, nyimbo 7 kati ya 11 zina majina yao wote wawili.

Angalia sasa anachofanya na wakati. Kwenye maisha halisi, kuachana bado hakujafika. Kwenye wimbo, kumeshapita miaka: kiangazi cha mapenzi kimekuwa kumbukumbu, Septemba ilikuja na machozi yake, na chini ya kitanda kuna sanduku lenye barua ya viangazi vitatu nyuma ambayo haikusomwa. Yaani binti amejipeleka mbele, akasimama huko, akageuka kuitazama leo yake kama jambo la zamani. Angeandika "nitakukosa ukiondoka" tungepata wimbo wa shule, mtamu na mwepesi. Kwa kuhamisha saa, anapata sauti ya mtu mzima bila kudanganya umri wake. Ndiyo maana wasikilizaji wa miaka 40, ambao ndio redio za kantri zilikuwa zikiwalenga, waliweza kuusikiliza bila kuhisi wameingia chumbani kwa mtoto wa mtu.

McGraw anaingia hapo, na jambo la kwanza la kuona ni kwamba hana kazi yoyote kwenye kisa. Hasifiwi, hafanyi kitu, hata wimbo wake ambao wapenzi hao waliucheza usiku kucha hautajwi. Swift ameshaeleza kwamba kwake yeye ulikuwa "Can't Tell Me Nothin'", ila ndani ya mashairi ameufungia nje. Ni uamuzi wa busara. Angeutaja, mwenye kuupenda wimbo mwingine wa McGraw angeachwa mlangoni. Kwa kutoutaja, kila msikilizaji anatia wake. Hata jina la singo lilipitia kisu cha namna hiyo: mwanzoni liliitwa "When You Think Tim McGraw", likafupishwa mpaka likabaki jina la mtu tupu.

Wenzetu wanaosikiliza muziki wa Kongo wanajua habari ya mabanga, mwimbaji anapotaja jina la tajiri katikati ya wimbo na tajiri anafungua pochi. Hapa mambo yamegeuzwa. Anayetajwa hakuomba, na faida yote inakwenda kwa anayetaja.

Sehemu niipendayo zaidi ni ile ya baada ya daraja la wimbo, na inahitaji kusikilizwa taratibu. Kiitikio kinapopigwa mara ya kwanza ni dua ya kimoyomoyo: ukimfikiria McGraw, natumaini utaufikiria wimbo niupendao, ule tuliocheza usiku kucha, mwezi ukimulika ziwani, ukifikiria furaha, natumaini utalikumbuka lile gauni langu dogo jeusi. Hakuna anayeambiwa. Mara ya pili, vivyo hivyo. Kisha daraja linakuja na hadithi inasogea ghafla: amerudi mtaani kwa kijana kwa mara ya kwanza tangu wakati ule, na mlangoni kwake ameacha barua. Jambo la kwanza atakalolisoma, anatuambia, ni hili. Halafu kinaanza kiitikio.

Maneno ni karibu yale yale na sauti ni ile ile, lakini sasa yamo kwenye karatasi, na yanasomwa na mtu mwingine. Dua imekuwa ujumbe. Msikilizaji ambaye tayari alikuwa amekikariri kiitikio na kuanza kukizoea anajikuta amekishika upya, safari hii akiwa amesimama mahali pa yule kijana mlangoni. Watunzi wengi wakitaka kiitikio cha mwisho kipate uzito hupandisha ufunguo au huongeza ngoma. Huyu amebadilisha anayesema na anayesikia, na hajalipa hata noti moja ya ziada. Na humo humo kwenye barua kuna matumaini kwamba siku moja kijana atafungua redio, arudishwe pale. Wimbo unaotafuta kupigwa redioni umeandika ndani yake tukio la kupigwa redioni. Mkuu wa vipindi aliyekuwa ameishika ile CD mkononi alikuwa akiombwa kazi na kisa chenyewe.

Baada ya hapo wimbo unazunguka na kurudi kwenye mistari ya kufungulia, pale kijana anaposema macho ya binti yanazishinda nyota za Georgia na binti anamjibu kuwa huo ni uongo. Mwanzoni jibu lile ni la mzaha, binti anakataa kubembelezwa. Linapokuja tena mwishoni, baada ya barua, mzaha umekwisha. Anajua sasa kwamba ilikuwa kweli, au kwamba ilikuwa uongo hasa. Wimbo hausemi ni lipi kati ya hayo.

Kimuziki si kazi ya kujionyesha. Gitaa kavu linafungua, kodi ni C, Am, F na G, na mzunguko huo ndio unaobeba sehemu kubwa ya wimbo. Mtoto anayejifunza gitaa wiki ya pili anaweza kuufuata, na bila shaka watoto wengi waliufuata. Ngoma zinaingia kwa adabu, gitaa la kuteleza linajaza mapengo baina ya mistari, na kwa hilo tu msikilizaji aliyelelewa na Don Williams kwenye redio za Kenya angejua yuko nchi gani ya muziki. Sauti ya Swift wakati huo ilikuwa nyembamba, na prodyuza Nathan Chapman hakuificha. Amemwacha kwenye beti aimbe chini, karibu na kuzungumza, ili maneno yasikike moja moja. Chapman alikuwa amemtengenezea demo kabla ya kupewa albamu, na albamu hiyo ndiyo ilikuwa ya kwanza kwake kuisimamia. Ladha ya demo haikufutwa, na wimbo wa barua unahitaji hivyo.

Kasoro zipo. Lori la Chevy, jinzi kuukuu, gauni jeusi, mwezi ziwani: ni vyombo ambavyo kila mtunzi wa Nashville anavikuta stoo akiingia kazini asubuhi. Ubeti wa kwanza na kiitikio vinavitumia kwa wingi mno. Kinachouokoa ni kwamba vimegeuzwa kuwa orodha ya mali ya kumbukumbu, na sanduku la chini ya kitanda linavipa mahali pa kukaa.

Mapokezi yalikuwa ya polepole, kama ilivyo desturi ya redio za kantri. Kampuni haikuwa na jeshi la mauzo. Swift na mama yake walikaa ofisini wakitia CD kwenye bahasha za kupelekwa vituoni, kisha binti akazunguka nchi kituo kwa kituo na gitaa lake. Wakati huo huo alikuwa kwenye mtandao wa MySpace akijibizana na wasichana wa rika lake, kundi ambalo wakubwa wa kantri hawakuamini kwamba lipo kama wateja. Wimbo uliingia kwenye chati ya Hot Country Songs ya Billboard mkiani, mwanzoni mwa Julai. Albamu ilitoka tarehe 24 Oktoba ikauza takriban nakala 40,000 wiki ya kwanza, nafasi ya 19, si ajabu wala si aibu. Singo iliendelea kupanda mpaka Januari 2007, ikafika nafasi ya 6 kwa kantri na ya 40 kwenye Hot 100. Video yake, iliyoongozwa na Trey Fanjoy, ilipata tuzo ya CMT ya video ya chipukizi mwaka huo huo.

Na mwenye jina? Mei 2007, kwenye tuzo za Academy of Country Music jijini Las Vegas, Swift aliuimba wimbo huo huku McGraw akiwa ameketi mbele na mkewe, Faith Hill. Akashuka jukwaani na gitaa lake, akaimba akimsogelea, na alipomaliza akanyoosha mkono na kujitambulisha kwa jina. Hawakuwa wamewahi kukutana. Picha za kupeana mkono zilizunguka kila mahali, na mwaka huo huo akafungulia baadhi ya maonyesho ya ziara ya wanandoa hao.

Singo ya pili ilikuwa tayari sokoni tangu Februari: "Teardrops on My Guitar", naye Liz Rose yumo tena. Humo pia kuna jina la mwanamume mstari wa kwanza kabisa, Drew, lakini safari hii ni kijana wa darasani asiyejulikana na yeyote. Ikafika nafasi ya 13 kwenye Hot 100.