Mchanga wa Mkaa Jikoni

Kumlaza mtoto si ufundi. Mtoto aliyechoka hulala mwenyewe. Ufundi ni kumfikisha kwenye usingizi wa mang'amung'amu, pale ambapo masikio yangali yanasikia na macho yameshaanza kuona mengine, kisha kumshikilia papo hapo, asirudi wala asivuke, mpaka hadithi iishe.

Bibi yangu, kule Makunduchi, aliifanya kazi hiyo huku akisuka ukili. Ukindu alishaulowesha tangu jioni, kwa hiyo ulikuwa laini, ukisikika kwa mbali tu vidoleni mwake. "Paukwa!" alisema kwa sauti ya kumwita mtu aliye uani, nasi tukapiga kelele: "Pakawa!" Baada ya hapo sauti ilishuka kidogo kidogo. Kila alipotaka kuongeza uchane alinyamaza. Mkono ulipapasa mkekani, sisi tukingoja, na katika kimya kile kila mmoja alijitilia mambo yake. Mimi niliuona mtende mrefu kuliko mnara wa msikiti, na Bibi hakuwahi kuutaja urefu wake. Hakutueleza kitu kilivyo; alikitaja jina, akatuachia. Sijamwona mwandishi, hata katika wale ninaowapenda, anayejua kunyamaza namna ile.

Niliyoipenda kuliko zote ni hadithi ya Sultani Majinuni. Mtende wake ukizaa, ndege huja usiku akazila tende zote. Wanawe wakubwa wanatumwa kuulinda, mmoja baada ya mwingine, na wote wanapitiwa na usingizi. Mwisho anakwenda kitinda mimba, Mkaa Jikoni, ambaye nyumba nzima inamdharau. Anachukua bisi na mchanga. Anatafuna bisi, kope zikianza kuwa nzito anachanganya na mchanga, chembe zinamkwaruza meno, anazinduka. Hivyo hivyo, mpaka ndege anatua, naye anamkamata.

Bibi alipofika hapo alisaga meno yake, taratibu, tukayasikia. Tuliokuwa ukingoni tukarudi. Alikuwa akitutia mchanga kinywani, sisi tusijue.

Kisha anakuja paka wa sultani, anayeanza kwa kula mifugo na kuishia kuwa Nunda mla watu. Mkaa Jikoni anaingia porini kumsaka. Kila akiua mnyama anamleta kwa mama yake akiimba, akiuliza kama huyu ndiye, na mama anamjibu kwa wimbo kwamba siye. Ngawa siye. Punda milia siye. Twiga, kifaru, tembo, wote siye. Wimbo ni ule ule, mnyama ndiye anayekua. Tuliuitikia tumefumba macho, na tulipofika kwa tembo sidhani kama kulikuwa na mtoto pale aliyejua ni yeye anayeimba au ni wimbo unaopita.

Maneno ya hadithi hii yamo kitabuni tangu 1870, katika mkusanyo wa hadithi za Unguja uliochapishwa London na Edward Steere, mmisionari aliyekuja kuwa askofu. Namshukuru kwa hilo. Lakini kitabu hakinyamazi kikaongeza uchane.

Leo mtoto anapanda kitandani na simu. Katuni inamwonyesha rangi ya ndege, urefu wa mtende na kinywa cha Nunda, wala haimwachii nafasi ya kujitilia chake. Mwanga unampiga usoni mpaka dakika ya mwisho, kisha simu inachukuliwa, analia, taa inazimwa. Shuleni nako hadithi husomwa saa nne asubuhi na kufuatiwa na maswali ya ufahamu. Sisi tulikatazwa kutoa hadithi mchana. Ukithubutu, tuliambiwa, utaota pembe. Wazee walikuwa wakiilinda saa ya kazi yao, na inaniuma kwamba walioachia saa hiyo ni sisi tuliolelewa ndani yake, tunaojua utamu wake.

Idi iliyopita tulikusanyika wajukuu wa Bibi tukataka kuuimba wimbo wa Mkaa Jikoni na mama yake. Maneno tuliyapata. Sauti ndiyo iliyotushinda, tukabishana mpaka chai ikapoa: wengine wanasema mama alipolitaja jina la Nunda sauti ilipanda, na kaka yangu mkubwa aliapa hivyo. Mimi nashikilia kwamba ilishuka.