Kiti cha Indra: Wivu wa Miungu katika Tamthilia za Televisheni ya India

Katika tamthilia za televisheni zitokanazo na visasili vya Kihindu, miungu huona wivu kama wanadamu. Huenda mtazamaji akadhani kuwa hiyo ni hila ya watungaji ya kuwateremsha wakaao mbinguni hadi sebuleni. Sivyo. Wivu huo umo katika visasili vyenyewe, na tamthilia bora ni ile inayokidhihirisha chanzo chake.

Chanzo hicho ni cheo. Katika Purana, Indra, mfalme wa miungu, si nafsi ya milele bali ni wadhifa. Kila kipindi kikuu cha ulimwengu kina Indra wake, na wa kipindi kijacho amekwisha kutajwa: ni Bali, mfalme wa asura. Kiti kipatikanacho kwa kustahili chaweza kupotea. Ndiyo maana mtawa Vishwamitra alipozidi kujinyima na kutafakari, Indra alimtuma Menaka, mrembo wa mbinguni, akamvuruge. Hiyo si husuda ya anayechukia neema ya mwenzake; ni wivu wa anayekilinda alichonacho.

Mahabharat ya B.R. Chopra (1988–1990), ambayo mazungumzo yake yaliandikwa na Rahi Masoom Raza, inaitunza maana hiyo. Indra anamhofia mwanawe Arjuna, hivyo anajigeuza Brahmini na kumwomba Karna deraya na hereni alizozaliwa nazo. Karna anamtambua, lakini anatoa. Mungu ameomba, binadamu amekirimu; mwombaji anaona haya na kulipa kwa silaha. Mtazamaji hahitaji kuelezwa nani mkubwa.

Katika Shri Krishna ya Ramanand Sagar, iliyoanza mwaka 1993, wachungaji wanaacha kumtolea Indra sadaka. Naye anawanyeshea mvua siku saba, huku Krishna akiwakinga kwa mlima Govardhan. Hatimaye mfalme wa miungu anainama mbele ya kijana mchunga ng'ombe.

Devon Ke Dev... Mahadev (2011–2014) inateleza. Chuki ya Daksha kwa Shiva ni mgongano wa msimamizi wa taratibu za ibada na mungu ajipakaye majivu, asiyejali taratibu hizo. Lakini vipindi 820 ni vingi: nyuso zinakaribishwa mno, muziki unarudiwa, na hoja ya ibada inafifia hata ikabaki ugomvi wa mkwe na mkwewe. Wivu uliokuwa na sababu umekuwa tabia mbaya tu.

Kwa kumalizia, visasili hivi vinauliza iwapo mwenye enzi aweza kutulia akijua kuwa enzi hupita. Historia imekwisha kujibu. Katika Rigveda yenye nyimbo 1,028, takribani robo zinamsifu Indra. Leo mahekalu yake ni machache mno, ilhali ya Krishna na Shiva yamejaa waumini. Hofu yake haikuwa ya bure.