Stelingi Asiyesema: Skripti za Burt Kennedy

Mvua ya usiku. Mwanamume aliyelowa chapachapa anaingia pangoni na kuwakuta wengine wawili wakiota moto. Wanammiminia kahawa. Farasi wake yuko wapi? Waapache walimvamia njiani, anajibu, wakamla. Maongezi yanahamia kwenye mauaji ya mji wa Silver Springs, na mmoja anauliza kama wauaji wamekwisha kamatwa. Wawili, anasema mgeni. Kamera inatupeleka nje kwenye mvua, na milio ya risasi inasikika.

Hivyo ndivyo inavyoanza Seven Men from Now, filamu ya kauboi ya mwaka 1956. Burt Kennedy, aliyekuwa akiandikia redio, aliitunga kwa ajili ya Batjac, kampuni ya John Wayne; Budd Boetticher akaiongoza, Randolph Scott akawa stelingi. Pale pangoni mkono wa redio unaonekana wazi: mauaji tunayasikia tu, na jibu la neno moja limekwisha yatangaza kabla risasi haijalia. Bado hatujui kwamba mke wa Stride, mgeni huyo anayechezwa na Scott, aliuawa katika wizi pale Silver Springs. Hatujui pia kwamba anajilaumu, kwa kuwa aliposhindwa uchaguzi wa usherifu alikataa cheo cha chini, mkewe ikabidi ndiye aende kazini. Kennedy anatupa tendo kwanza, sababu baadaye sana.

Lakini kama stelingi hasemi, nani atasema? Kennedy anampa adui kazi hiyo. Usiku mwingine wa mvua, watu wanne wamebanana ndani ya gari la turubai wakinywa kahawa: Stride, mume na mke wanaosafiri, na Masters, anayechezwa na Lee Marvin. Masters anasimulia kisa cha mwanamke mzuri aliyekuwa na mume dhaifu, kisha akatokea mwanamume mrefu, mpole wa maneno. Hamtaji yeyote aliyepo. Mume anaumbuliwa mbele ya mkewe, na pendo ambalo Stride na mwanamke yule hawajathubutu kulikiri linaanikwa hadharani. Hakuna anayegusa bastola, wala sijaona pambano kali kuliko hilo katika filamu za Kennedy.

Ufukara wa bajeti nao ulimfaa Kennedy. Ride Lonesome (1959) ina dakika 73 na haina mji hata mmoja. Watu wachache wanapita kwenye majabali ya Lone Pine, California, wakitazamana. Brigade, anayechezwa tena na Scott, amemkamata kijana muuaji, lakini mwendo wake ni wa polepole ajabu na hafichi nyayo. Anayefumbua siri ni Boone, mhalifu anayemtaka mateka huyohuyo ili asamehewe makosa yake: Brigade anamngoja kaka wa kijana, aliyemnyonga mke wa Brigade. Adui anamsoma stelingi kwa niaba yetu, na kwa kumsikiliza tunaanza kumpenda adui mwenyewe.

Zipo kasoro zinazoniuma. Wakomanche wa Comanche Station (1960) ni tishio la kupita tu, hawapewi nafasi ya kuwa watu. Wanawake nao huzungumziwa kuliko wanavyozungumza. Hata hivyo, katika filamu hiyohiyo ukimya wa mwanamke anayerudishwa kwa mumewe unabeba hadithi nzima. Njia yote wanaume wanamdharau mumewe aliyetangaza zawadi ya dola 5,000 badala ya kuja kumtafuta mwenyewe, naye hamtetei. Mwishoni mume anatoka nyumbani, na tunaona kuwa ni kipofu. Maneno yote ya njiani yanaporomoka hapo.

Mwaka 1962 Kennedy alirudia mbinu zake, na baadhi ya maneno yaleyale, katika Six Black Horses, safari hii kwa Audie Murphy na Dan Duryea, chini ya uongozi wa Harry Keller. Duryea ni mzungumzaji hodari, lakini Murphy ananyamaza kama mtu anayengoja zamu yake, ilhali Scott alinyamaza kama mtu aliyekwisha amua. Bila ukimya wa aina hiyo upande wa pili, mistari ya Kennedy inabaki kuwa maneno mazuri tu.