Vumbi na Mfupa: Uhariri katika Nostalgia de la luz

Patricio Guzmán hana haraka ya kutuonyesha maiti. Filamu yake ya hali halisi, Nostalgia de la luz (2010), inafunguka kwa darubini kuukuu ya Kijerumani mjini Santiago: magurudumu ya chuma yanazunguka, kuba linafunguka, na milio ya mitambo tunaisikia kabla ya neno lolote. Unafuata mwezi, kisha jiko tulivu lenye vivuli vya majani. Ndipo sauti yake mwenyewe inapoingia, polepole, ikikumbuka utoto.

Kutoka hapo tunapelekwa Atacama, jangwa la kaskazini mwa Chile. Ukavu wake umewavuta wanaastronomia wa dunia nzima. Ukavu huohuo umehifadhi michoro ya wafugaji wa kale, makaburi ya wachimba naitreti na mabaki ya waliouawa na utawala wa kijeshi wa Pinochet. Kule Chacabuco, wanajeshi waliyakuta makazi ya wachimbaji yamesimama. Waliongeza seng'enge tu, ikawa kambi ya wafungwa. Guzmán anayaunganisha haya zaidi kwa mikato ya picha kuliko kwa hoja. Linajitokeza umbo lenye mashimo kama uso wa sayari, kumbe ni mfupa wa binadamu.

Mbinu hiyo ni nzuri, na ina hatari. Mwanaastronomia anaeleza kwamba kalsiamu ya mifupa yetu ilitoka kwenye nyota. Ni kweli, lakini nyota haziui kwa amri. Oktoba 1973, huko Calama, mji wa jangwa hilo, wanaume 26 walipigwa risasi na wanajeshi. Picha inayomgeuza marehemu kuwa vumbi la anga inaweza, bila kukusudia, kumfuta aliyefyatua risasi.

Wanaoiokoa filamu ni wanawake wa Calama, wanaotafuta mabaki ya ndugu zao jangwani. Kwa mbali ni nukta zenye sepetu kwenye uwanda usio na mwisho. Mara kamera iko karibu, haibanduki usoni. Mmoja anasimulia siku aliyopata mguu wa kaka yake, ungali ndani ya soksi. Soksi haifanani na sayari yoyote. Ina mwenyewe.

Nguvu hiyohiyo imo kwa Miguel Lawner, msanifu majengo aliyefungwa katika kambi kadhaa. Kule alipima vyumba kwa hatua zake, akachora usiku, akachana michoro alfajiri. Uhamishoni Denmark akaichora upya kutoka kichwani. Guzmán anamwomba atembee ndani ya nyumba yake, akihesabu. Ushahidi wa kambi umo miguuni mwake.

Ndiyo maana siridhiki na tukio la karibu na mwisho, wanawake wale wanapoalikwa kwenye darubini huku vumbi linalometameta likielea juu ya picha. Violeta Berríos, mmoja wao, alikwisha kusema angetamani darubini zichungulie ardhini. Ombi hilo lina hasira na lina anwani. Vumbi la mhariri linalifanya faraja. Hatua za Lawner hazikuongezewa pambo lolote, na hao wanawake pia hawakulihitaji.