Walio Nyuma ya Kamera

Mpiga picha Mohamed Amin alizaliwa Eastleigh, Nairobi, mwaka 1943. Oktoba 1984, picha za njaa alizopiga Korem, Ethiopia, zilirushwa na BBC na kuitikisa dunia. Mwaka uliofuata likafanyika tamasha la Live Aid kuwachangia wenye njaa hao. Sauti iliyosimulia picha hizo ilikuwa ya mwandishi wa BBC, Michael Buerk, lakini macho yalikuwa ya mwana wa Eastleigh. Ukimtaja Amin, mtaje pia John Mathai, fundi wake wa sauti. Mlipuko wa ghala la silaha Addis Ababa mwaka 1991 ulimuua Mathai na kumwondolea Amin mkono wa kushoto. Amin alirudi kazini na mkono wa bandia.

Kazi hiyo ya nyuma ya kamera naiheshimu kuliko ninavyoweza kueleza, na bado inafanywa katika mitaa ya Eastlands, Nairobi, kama Umoja, Kayole na Buruburu, na vijana ambao wengi wao walianzia kwenye harusi na mazishi. Wapo wanaozidharau harusi. Mimi naziona chuo kamili. Bi harusi hatavishwa pete upya eti kamera haikuwa tayari, kwa hiyo mpiga picha hujifunza kuwasoma watu: anamwelekea mama mzazi kabla chozi halijadondoka.

Kisha kuna uhariri, na hapo ndipo ninapostaajabu zaidi. Wakimaliza kurekodi mazungumzo katika nyumba ya mtaa wa Jericho, mafundi wazuri huwaomba watu wote wanyamaze, kisha hurekodi sauti ya chumba chenyewe kwa nusu dakika. Kimya cha Eastlands kina mambo yake: friji inanguruma, watoto wanacheza ploti ya pili, kwa mbali makanga anaita abiria. Mhariri akikata neno katikati ya sentensi, pengo husikika kama mlango uliofungwa ghafla. Anachukua ile sauti ya chumba, analiziba. Anaweza pia kutusikilizisha honi ya matatu tungali tunautazama uso wa mama, hata tunapofika steji tuwe tumekwisha kufika moyoni. Saa nzima ya usiku inaweza kuishia hapo, na mtazamaji asijue.

Lakini sifa huwaendea wanaoonekana. Mwigizaji Joseph Wairimu alituzwa katika tamasha la filamu la Durban kwa uigizaji wake katika filamu ya Nairobi Half Life ya mwaka 2012, na alistahili. Ila aliyeihariri filamu hiyo ni Mkaiwawi Mwakaba. Filamu ya Supa Modo ya mwaka 2018 iliwaliza watu wazima; Enos Olik ndiye aliyeipiga picha, Charity Kuria akaihariri. Machozi yale yalipitia mikononi mwao kwanza.

Nanyi mnaowaita vijana wa mtaani kurekodi harusi, nyimbo na filamu zenu: walipeni kwa wakati, msingoje kukumbushwa. Na mkiirusha kazi mtandaoni, andikeni jina la aliyeshika kamera na la aliyekesha akihariri.