Namna Farocki Alivyozisoma Picha za Westerbork

Mwaka 2007 Harun Farocki, mwongozaji filamu wa Ujerumani, alitoa filamu ya dakika 40, Aufschub, ambayo ndani yake hamna picha hata moja aliyoipiga mwenyewe. Zote zilipigwa mwaka 1944 huko Westerbork, kambi ya Uholanzi ambako Wanazi waliwakusanya Wayahudi kabla ya kuwasafirisha kwenda Auschwitz na kwingineko. Mkuu wa kambi, Albert Gemmeker, ndiye aliyeamuru zipigwe. Aliyeshika kamera alikuwa mfungwa, Rudolf Breslauer, na mwaka huohuo yeye naye alipelekwa Auschwitz.

Picha hizo hazina sauti, na Farocki hakuwaongezea watazamaji muziki wala msimulizi. Kati ya picha na picha aliweka maandishi mafupi tu. Uamuzi huo naustahi sana, kwani muziki ungetufanya tulie mapema, kabla hatujaona kitu. Kwenye ukimya, macho hulazimika kufanya kazi.

Tazama anavyolishughulikia sanduku moja. Mwanamke mgonjwa anasukumwa kwenye mkokoteni kuelekea treni. Picha inapita haraka, huoni la ajabu. Farocki anairudisha picha ileile, anaisimamisha, anaikuza: kwenye sanduku la mgonjwa limeandikwa jina na tarehe ya kuzaliwa. Kwa kulinganisha maandishi hayo na orodha za waliosafirishwa, siku ya treni hiyo imejulikana: 19 Mei 1944. Ubavuni mwa behewa kuna idadi ya watu iliyoandikwa kwa chaki, 74, kisha ikasahihishwa kuwa 75. Hakuna aliyekusudia kutuachia ushahidi huo. Umebaki kwa sababu kamera hunasa hata ambacho aliyeagiza picha hakukijali.

Katika picha nyingine, msichana aliyejifunga kitambaa kichwani anachungulia mlangoni mwa behewa. Kwa miaka mingi alidhaniwa kuwa Myahudi, hadi mwaka 1994 alipotambuliwa kuwa Settela Steinbach, wa jamii ya Wasinti. Farocki anatuonyesha kuwa uso wake ndio pekee uliopigwa kwa karibu, na anakisia kwamba hofu iliyomo humo ndiyo iliyomfanya Breslauer asithubutu kumsogelea mwingine.

Mbinu iliyo ngumu zaidi ni marudio. Wafungwa wanaofanya kazi karakanani na kupumzika majanini tunawaona zaidi ya mara moja, kila mara kwa maandishi tofauti. Kwanza ni tangazo la kambi yenye tija, kisha ni watu wanaojitahidi kuonekana wa lazima ili wasipakiwe. Baadaye miili iliyolala majanini inatukumbusha picha za maiti zilizopigwa kambi nyingine zilipokombolewa. Hapo mwongozaji anajiingiza katika hatari, maana anaweka kwenye picha kitu ambacho hakimo. Naona alikuwa na haki, kwa sababu haifichi tafsiri yake nyuma ya uhariri: ameiandika waziwazi, na picha yenyewe ameiacha ilivyo, kila mtu aipime.